Kiti Kitupu cha Bibi

Fundi anayetuunganishia filamu ya marehemu bibi hagusi kompyuta kabla ya kuisalimia skrini. "Shikamoo, bibi," husema taratibu, kisha huvaa hedifoni, sikio moja ndani, jingine nje, ili atusikie na sisi tunaomchosha. Kila anapokata kikohozi au neno lililorudiwa, ukucha wa kidole gumba hugonga meza, naye hunong'ona, "Niwie radhi, bibi." Vidole vyake vyembamba haviendi mbio hata tukimharakisha.

Jana tulifika mahali bibi anapoinuka katikati ya mahojiano kwenda kutazama chungu. Kikabaki kiti kitupu. Mjomba, kitindamimba wake, aliyeshika kamera siku ile, akasema, "Hapo kata. Hamna mtu." Fundi alichomoa waya wa hedifoni, sauti ikajaa chumbani, maana kinasa sauti kilikuwa bado kimebanwa kwenye gauni la bibi. Mwiko uligonga chungu. "Anajifanya ana kazi na kamera, na hajatia kitu mdomoni tangu asubuhi. Haya, bakuli hili la kitindamimba wangu, asiliguse mtu."

Ukucha ulisubiri juu ya meza.

"Usimkate," mjomba akasema.