Bei ya Jino la Kipper

Ukitaka kumjua Noreen Ackroyd, muulize mazishi yake yatagharimu kiasi gani. Atakujibu hapo hapo mlangoni, chai bado haijamiminwa: jeneza la mwaloni, magari mawili, sandwichi na keki kwa watu wote wa mtaa, na kila kitu kimeshalipiwa. Hapa Elland, mji mdogo wa kaskazini mwa Uingereza, hakuna anayeona haya kutaja bei ya kufa, na wengine wanaitaja kwa majivuno. Lakini muulize bei ya kitu anachokihitaji leo, akiwa hai, uone atakavyogeuza maneno na kukuuliza habari za mvua.

Tumeishi ukuta kwa ukuta miaka mingi, mimi na yeye. Jina langu Mwanaidi, yeye huniita Ida, na nilishachoka kumsahihisha. Alikuwa mpishi wa shule mpaka magoti yakamgomea. Mumewe Clifford alipofariki, mpwa wake akamletea mbwa ili nyumba isiwe kimya. Ni mbwa wa mbio, mwembamba, miguu kama vijiti vya mwavuli, na macho ya mtu anayeomba radhi kwa kosa la mwenzake. Noreen akamwita Kipper, na tangu siku hiyo nikawa nasikia "sisi" kupitia ukutani. Sisi hatupendi upepo. Sisi tumelala vibaya. Sisi tutakula kidogo tu leo, kuna joto.

Jambo moja alinisimulia mara moja tu, na hakulirudia. Alipokuwa mtoto, wanafunzi waliolipiwa chakula cha mchana na halmashauri walipewa tiketi za rangi tofauti. Za wenzake zilikuwa buluu, yake manjano. Msichana mmoja nyuma yake kwenye foleni akasema kwa sauti, "Huyu anakula bure," na foleni nzima ikachungulia. Noreen ni bibi mwenye mvi sasa na bado anaijua sauti ya yule msichana. Aliapa pale pale, sahani mkononi, kwamba hakuna mtu atakayejua tena kitu ambacho yeye hawezi kukilipia.

Kwa mbwa aliyekuwa naye zamani, kabla ya Kipper, kiapo hicho hakikumsumbua, maana daktari wa wanyama alikuwa Bwana Thwaite, na Bwana Thwaite hakuwa na bei. Alikutazama viatu, akakutazama koti, kisha akasema, "Nipe pauni tano, na kama umeoka keki wiki hii sitaikataa." Mwenye koti zuri alilipa lake na la mwenye koti bovu, wala hakuambiwa. Bwana Thwaite akastaafu, kampuni ikanunua kliniki, ikapaka rangi, ikaleta viti vya plastiki vinavyofutika kwa kitambaa. Juzijuzi wakabandika karatasi ya bei ukutani, karibu na mlango, herufi kubwa kabisa. Kumwona daktari kiasi hiki, chanjo kiasi hiki, kung'oa jino kuanzia kiasi hiki. Mimi nilipoiona nilifurahi, nikadhani sasa mambo yamekuwa wazi.

Hakuna aliyeisoma! Nimekaa pale nikawatazama. Watu walisoma tangazo la minyoo. Walisoma habari za kobe aliyepotea, mara mbili. Walisoma mpaka maelekezo ya kuzima moto. Karatasi ya bei waliipita kama wanavyompita mlevi wa barabarani, kwa sababu ukisimama mbele yake, waliokaa nyuma yako watajua una sababu ya kusimama. Watu hawa watakufa na tai shingoni, nawaambia.

Basi majira ya baridi yaliyopita Kipper akaanza kudondosha biskuti. Anaishika, anaitafuna kwa upande mmoja, inaanguka. Mimi ndiye mwenye gari, nikawapeleka.

"Mama Kipper?" akaita msichana wa mapokezi. Huku mwenye mbwa ni mama wa mbwa na hakuna anayecheka. Mara ya kwanza mimi nilicheka, nikatazamwa.

Daktari alikuwa binti anayeitwa Imogen, mpole, nywele kazifunga kwa kamba ya viatu. Alifungua kinywa cha Kipper, akamulika kwa tochi.

"Jino la nyuma limeoza," akasema. "Limeanza kutunga usaha. Tutampima damu, tutampiga picha, tutamlaza kwa dawa ya usingizi, tusafishe kinywa kizima kisha tuling'oe. Nikueleze gharama, Bi Ackroyd?"

"Hakuna haja, mpenzi," akasema Noreen. "Chochote kilicho bora kwake."

"Ana bima?"

"Mambo ya bima yako sawa."

Bima yenyewe aliiacha Kipper alipozeeka, kwa kuwa kila mwaka ilipanda na pensheni haikupanda nayo. Mimi nilijua, maana siku aliyoiacha niliusikia ukuta ukilia. Nikamtazama. Alikuwa anatabasamu kama mtu aliyepewa maua.

Tulipotoka, msichana wa mapokezi akamwambia kwamba kazi yote itafika kama pauni elfu moja na mia moja, labda na zaidi kidogo, kulingana na watakachokikuta.

"Vizuri sana, asante," akasema Noreen, utadhani ametajiwa saa ya basi.

Ndani ya gari nikamuuliza, "Noreen, unazo?"

"Ninazo nini?"

"Hizo elfu moja na mia moja."

"Ida, mtu haulizwi maswali kama hayo," akasema, akafungua redio.

Kesho yake alipiga simu kliniki akasema Kipper amepona. Sikuambiwa. Nilianza kushuku usiku mmoja, ukuta uliponiletea sauti nyembamba, si kubweka, si kulia kwa mtu. Asubuhi nikaenda kugonga. Kipper alikuwa amelala mbele ya jiko, shavu limevimba kama andazi, na mbele yake bakuli la uji ambao Noreen aliukoroga mpaka umekuwa maji.

"Hajambo?" nikauliza, ingawa nilikuwa naona.

"Anaendelea."

"Anaendelea kwenda wapi? Mtazame uso! Umemrudisha kwa Imogen?"

"Nimempaka asali kwenye fizi."

Hapo nikachemka. Nikamwambia waziwazi: nenda ukaulize kama kuna namna ya bei ndogo. Bei inaulizwa, mama, hata ya kaburi unaiuliza.

"Nikiuliza bei watasema simpendi."

"Nani atasema?"

"Hakuna atakayesema. Watafikiri tu." Akakaza kamba ya aproni. "Na wewe hujui wanavyofikiri. Wanafikiri kwa adabu."

Nikamtajia ile hospitali ya hisani ya wanyama, mji wa pili tu. Akasema kule lazima uonyeshe uthibitisho kwamba wewe ni maskini. Nikasema basi nitakukopesha mimi. Akanitazama kwa mara ya kwanza asubuhi ile, na macho yake yalikuwa yamejaa hofu.

"Ukinikopesha, mpenzi, kila nikikusikia ukikohoa upande wa pili nitajua unanidai. Tafadhali. Niachie nyumba yangu."

Nikamwachia. Nilirudi kwangu nikavunja sahani moja, si kwa bahati mbaya.

Siku ya pili akagonga yeye. Alikuwa amevaa koti la zambarau analovaa harusini na kanisani, amepaka midomo rangi, Kipper kamfunga mkanda mpya. "Tupeleke kwa Imogen," akasema. Nilifurahi mpaka nikaendesha vibaya. Nilidhani amepiga moyo konde na anakwenda kuuliza.

Chumbani kwa daktari hakukaa. Alisimama, mkoba kaushika kwa mikono miwili.

"Nimekuja alazwe," akasema.

"Kwa ajili ya jino," akasema Imogen.

"Alazwe kabisa. Asiamke. Umri umefika, sitaki ateseke."

Imogen akanitazama mimi, mimi nikatazama sakafu. Akamwinua Kipper mezani, akamsikiliza kifua muda mrefu.

"Bi Ackroyd, moyo wake ni wa mbwa kijana. Hili ni jino. Limekuwa bovu zaidi, ndiyo, lakini ni jino."

"Amechoka. Mimi namjua, amechoka."

Aliyechoka mwenyewe wakati huo alikuwa amechomeka pua kwenye mfuko wa lile koti la zambarau akitafuta biskuti, na mkia unapiga meza, tap, tap, tap. Noreen aliweka mkono juu ya mkia ili unyamaze.

"Ni uamuzi wako," akasema Imogen polepole. "Sina haki ya kukulazimisha."

"Asante, mpenzi. Na hiyo ni kiasi gani? Achomwe peke yake, majivu yarudi kwenye kijisanduku."

Aliuliza kwa sauti nzuri, iliyonyooka. Sikuwahi kumsikia akiuliza bei ndani ya jengo lile, na sasa ameiuliza bila kumeza mate.

"Mia tatu na themanini," akasema Imogen.

"Sawa kabisa." Akafungua mkoba. Kumbe za hiyo alikuwa nazo. Alizileta.

Damu ikanipanda kichwani. "Na kung'oa jino peke yake?" nikasema. "Bila picha, bila kupima damu, bila kumng'arisha meno kama bwana harusi. Jino tu. Kiasi gani?"

Ni kama nilipiga chafya katikati ya sala. Mlango ulikuwa umerudishwa nusu, na waliokuwa nje wakiongea, akiwemo bwana mmoja mwenye sungura, wakaacha kuongea.

Imogen alikuwa mwekundu mpaka shingoni. "Mia tatu na ishirini, pamoja na dawa," akasema. "Kuna hatari. Kipande cha mzizi kinaweza kubaki, na figo zake nitakuwa sijazipima. Lakini kwa mbwa huyu ningefanya." Kisha akamgeukia Noreen, sauti imepungua. "Uliposema chochote kilicho bora, niliona haya kukutajia kilicho pungufu. Nilidhani utaona nimekudharau."

Noreen aliutazama mkoba wake uliokuwa wazi. Wekundu ulimpanda kutoka kwenye kola, ukafika masikioni, ukafika kwenye mvi. Nilielewa alichokuwa anakipima. Akikubali, basi sote tumejua: Imogen amejua, mimi nimejua, yule bwana wa nje mwenye sungura amejua kwamba Kipper hakuchoka hata kidogo. Na njia ya kutokea ilikuwa bado wazi. Alihitaji kurudia tu kwamba umri umefika, na sote tungeinamisha vichwa kwa heshima, na angetoka pale mama aliyefiwa, si mama aliyeshindwa kulipa. Nilimwona akiitazama njia ile. Nakwambia kweli, niliogopa.

Kipper akapata biskuti. Ikamponyoka, ikaanguka mezani.

"Nifanyie ile ya bei rahisi," akasema Noreen.

"Samahani?" Imogen hakuwa amesikia, maskini wa Mungu.

"Ile ya bei rahisi!" Sauti ilitoka kubwa kuliko alivyokusudia, ikapita mlangoni, ikaenda hadi kwenye viti vinavyofutika. "Nifanyie ile ya bei rahisi, tafadhali. Sina ya ile nyingine. Sikuwa nayo tangu mwanzo."

Imogen akasema sawa, na akambeba Kipper mwenyewe kwenda ndani. Tulipopita kwenye chumba cha kungojea watu wote walikuwa wanasoma tangazo la minyoo kwa bidii. Yule bwana mwenye sungura alimfungulia Noreen mlango akasema baridi leo imezidi, na Noreen akasema ndiyo, imezidi, na ndani ya gari alilia mpaka rangi ya midomo ikamfika kidevuni. Nikampa leso, nikaendesha polepole.

Kipper alirudi jioni akiyumba kama mlevi. Siku chache baadaye uvimbe ukawa umeisha. Jumapili nilipeleka nyama ya kusaga, laini, bila pilipili, nikaimimina kwenye bakuli lake. Alikula yote. Alilisukuma bakuli jikoni kote akililamba, mpaka likagota mlangoni. Nilipiga makofi peke yangu. Noreen alikuwa ametugeuzia mgongo, anaosha kikombe ambacho kilikuwa safi.

"Njoo umwone anavyokula," nikamwambia.

"Nasikia."

Kipper ana desturi yake. Akishiba humwendea Noreen, hata kama chakula umempa wewe, na kuegemeza kichwa kwenye mguu wake. Akamwendea. Noreen akasogeza mguu. Akamfuata, akaegemeza tena. Akausogeza tena, mpaka akafika kwenye kona ya friji, na hapakuwa na pa kusogea.

"Usinishukuru," akamwambia. "Wewe usinishukuru. Mwingine yeyote, lakini si wewe."

Mkia ukaanza, tap, tap, kwenye mlango wa friji. Noreen akashuka polepole mpaka chini, aproni na yote, na Kipper akapanda mapajani akaanza kumlamba uso, shavu hili na shavu lile. Hakumzuia. Alifumba macho, akakaza midomo, akauacha uso wake pale, kama mtu anayepigwa na anajua kwa nini.