Bei ya Mwisho ya Nyumba

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa viatu vya kuazima vilivyonibana vidole, na bwana meneja wa tawi la Jinja hakuniuliza habari ya masomo wala vyeti. Aliniuliza, "Wewe ndiye yule binti anayejua Kiswahili?" Nikamjibu, "Ndiyo, afande," kwa mazoea ya nyumbani, na ofisi nzima ikaangua kicheko.

Baba yangu alikuwa askari. Tulikulia upande wa Kimaka, penye kambi ya jeshi, na kwetu Kiswahili kilikuwa lugha ya ugali na ya kuchapwa. Mjini wengi walikikwepa, kwa sababu kiliwakumbusha bunduki na vizuizi vya barabarani. Lakini benki ilikuwa na wateja wasiopenda kuzungumza pesa zao kwa Kiingereza: wafanyabiashara Waislamu wa mjini, wanajeshi, na madereva wa Kikenya wa malori ya njia kuu. Ndivyo nilivyowekwa kwenye meza ya mikopo ya nyumba, ile ambayo watu waliiita mogeji.

Nawaeleza ninyi vijana ambao hamjawahi kuketi upande wowote wa meza ile. Mogeji ni hivi: benki inakupa fedha za kununua au kujenga nyumba, na hati ya ardhi inabaki mikononi mwake kama dhamana. Unaishi ndani, unapaka rangi, unapanda maua, lakini hati si yako mpaka ulipe shilingi ya mwisho. Kazi yangu ilikuwa kupima mshahara wa mteja, kumtuma mthamini akakadirie thamani ya jengo, kuhakikisha kiwanja hakina mwenyewe mwingine, kisha kumweleza mteja marejesho, yaani kile atakacholipa kila mwezi.

"Bi Zaituni," bwana meneja aliniambia wiki ileile, "mteja wa nyumba ana swali moja tu. Kwa mwezi ni ngapi? Mjibu hilo, halafu mpe kalamu."

Na kweli, waliuliza hilo tu. Watu ambao sokoni wangekaa na muuza nyanya mpaka jua liwachome, wakitaka bei ya mwisho, wakija benki walikuwa wapole kama wagonjwa mbele ya daktari. Kwa mwezi ngapi? Nitaweza. Wapi natia sahihi?

Mimi ni Mwislamu, na kufanya kazi ya riba kulinipatia maneno mengi mtaani. Hayo nitayajibu kwa Mungu, sitayajibu hapa. Nayataja kwa sababu mtu aliyenifumbua macho alikuwa Hajji Twaha, aliyeuza magodoro na mabati mjini Jinja, na ambaye hakuwa na nia hata kidogo ya kukopa kwetu. Alikuwa amechoka kupanga nyumba, akaja kusikiliza tu. Nikampigia hesabu ya mkopo wa milioni arobaini, riba ya asilimia kumi na nane kwa mwaka, miaka ishirini. Nikamwambia kwa madaha kwamba kwa mwezi ni laki sita na elfu kumi na saba.

"Hiyo nimesikia," akasema. "Bei ya mwisho ngapi?"

"Hajji, hapa hatupatani bei."

"Sijasema tupatane. Mimi nikiuza godoro kwa mafungu, mtu anajua kabla hajalibeba. Akilipa leo ni hii, akilipa pole pole ni hii, imekwisha. Sasa hii nyumba, siku nimemaliza, imekula ngapi?"

Hakuna aliyewahi kuniuliza, na mimi sikuwahi kujiuliza. Nikazidisha kwenye kikokotoo, nikazidisha tena nikidhani nimekosea. Milioni mia moja na arobaini na nane.

Hajji akakigeuza kikokotoo, akakisoma mwenyewe. "Nyabo," akasema, yaani bibi kwa lugha ya huko, "mimi nimekuja kutafuta nyumba moja. Hizo zingine karibu tatu mnampa nani?"

Alicheka mpaka mlangoni. Mimi sikucheka. Jioni ile nilirudia hesabu ile kipande kwa kipande, na nikaona jambo ambalo nimelieleza maishani mwangu mara nyingi kuliko salamu. Riba hupigwa juu ya deni lililobaki. Mwanzoni deni lote bado lipo, kwa hiyo mwezi wa kwanza, katika zile laki sita na elfu kumi na saba, laki sita nzima ni riba. Elfu kumi na saba tu ndizo zinazogusa deni lenyewe. Mteja anatoka benki akiwa ameshiba fahari kwamba amelipia nyumba, kumbe amelipia labda kitasa.

Si wizi. Benki nayo imetoa fedha zake na itazisubiri miaka ishirini. Tena nisimpe Hajji ushindi wa bure. Alijenga mwenyewe, tofali kwa tofali, na miaka yote hiyo aliendelea kulipa kodi ya nyumba huku saruji ikipanda, na mkewe aliniambia kwa hasira kwamba alihamia nyumba isiyo na dari akiwa tayari ni bibi. Kutokopa nako kuna bei yake ya mwisho, ila hakuna anayekuandikia risiti.

Tangu siku hiyo nikawa namwambia kila mteja hesabu mbili, ya mwezi na ya mwisho, na ndani ya ile ya mwisho nikatia ada ya benki, malipo ya mthamini na ya wakili, ushuru wa stempu na bima, ambavyo humtoa mtu jasho kabla hata hajapewa ufunguo. Wengine walichukia. Dereva mmoja Mkenya aliniuliza, "Kwani madam, unataka kuniuzia ama kunifukuza?" Halafu akauliza ingekuwaje kwa miaka kumi. Kwa mwezi ilipanda kidogo kuliko alivyohofia, na bei ya mwisho ikaporomoka. Akatia sahihi ya miaka kumi, akaenda zake akipiga mluzi. Bwana meneja alinivumilia kwa sababu wateja wangu walikuwa wanalipa.

Kisha nikahamishiwa Mbale.

Tawi la Mbale liliongozwa na Madamu Meneja, mwanamke mwenye akili ya wembe, na sitamsema vibaya kwa mengi aliyonifundisha. Mmoja wa wateja wangu wa kwanza huko alikuwa Mwalimu Wambedde, wa shule moja ya sekondari. Alikuwa amepanga vyumba viwili mtaa wa Nkoma, pamoja na mkewe Nambozo, aliyekuwa akilima ndizi Busiu na kuziuza pale barabarani. Nyumba waliyoitaka ilikuwa hatua chache kutoka walipopanga. Mwalimu alikopa milioni thelathini na tano kwa miaka kumi na mitano, na hiyo miaka hakuichagua ovyo. Ilikuwa inakwisha mwaka wake wa kustaafu.

"Siku mshahara unakatika," aliniambia, "hati iwe mkononi. Pensheni ni ya chakula na dawa. Haiwezi kulisha benki."

Nikampa hesabu zote mbili. Nambozo aliisikia bei ya mwisho akashika shavu, kisha akasema, "Sawa. Lakini isizidi hapo hata kidogo."

Sasa hapo ndipo penye neno ninalotaka mlikumbuke, kusogeza. Mikopo yetu mingi ilikuwa na riba inayopanda na kushuka. Ikipanda, benki ina njia mbili. Inaweza kukuongezea marejesho, ukapiga kelele. Au inaacha marejesho yaleyale na kusogeza mwisho wa mkopo mbele, nawe hupigi kelele kwa sababu hujasikia maumivu. Kule ofisini tuliita hivyo tu, kusogeza, kama mtu anayesogeza kiti.

Mwalimu alipokuwa amelipa miaka mitatu, riba ikapanda pointi mbili. Siku chache baadaye nikamwona akiingia benki na mkewe, na kwapani mwa Nambozo kuna jogoo mwekundu amefungwa miguu.

"Madamu Zaituni," mwalimu akasema mbele ya foleni nzima, "tumeleta kuku wa benki."

"Kuku wa nini, mwalimu?"

"Wa asante! Riba imepanda kila mahali. Wenzangu kule shule, benki zao zimewaongeza, wanalia. Nyinyi mmeniambia pesa yangu imebaki ileile. Mmenihurumia."

Nilimtazama jogoo yule, roho ikaniuma. Katika miaka yote ya kazi sijawahi kuona shukrani iliyonichoma vile. Nikawaketisha.

"Mwalimu, unastaafu baada ya miaka mingapi?"

"Kumi na miwili. Na hati nachukua siku hiyo."

"Hapana. Mkopo wako umesogezwa. Utamaliza baada ya karibu miaka kumi na minane."

"Lakini pesa ni ileile!"

"Ya mwezi ni ileile. Miaka ndiyo imeongezeka."

Alitoa miwani, akaifuta, akaivaa, akaitoa tena. Ni Nambozo aliyeuliza, na sauti yake ilikuwa ya chini. "Hiyo miaka karibu sita tutalipa na nini? Na bei ya mwisho imeongezeka ngapi?"

"Milioni thelathini na tano na nusu."

"Hiyo si ndiyo loni yenyewe?"

"Ni kama mmekopa mara ya pili, mama."

Jogoo alipiga mabawa, Nambozo akamtuliza kwa mkono bila kumtazama. "Na tukitaka irudi pale ilikuwa, tunaongeza ngapi kwa mwezi?"

Nikapiga hesabu, nikairudia kama ile ya Hajji. Elfu arobaini na nne.

Nambozo akasimama. "Elfu arobaini na nne? Hizo ni ndizi! Hizo naziokota pale Busiu! Mbona hamkutuuliza?"

Nilichoweza ni kuwafundisha jinsi ya kulipa. Kwamba ukileta pesa ya ziada bila kuandika maagizo, benki huiweka tu ikisubiri marejesho ya mwezi unaofuata, na haikusaidii chochote. Lazima uandike kwamba ipunguze deni lenyewe, utie sahihi, ubaki na nakala. Na kwamba kila riba ikibadilika, juu au chini, uje uulize swali moja: mwisho wangu ni lini?

Jogoo nikamkataa. Sheria ya benki ilikataza zawadi, lakini hata isingekataza nisingeweza kummeza. "Rudini naye," nikawaambia. "Mtamleta siku ya hati."

Habari ilienea Nkoma haraka kuliko boda boda. Kesho yake asubuhi walikuja wanne, wote wakitaka bei ya mwisho. Madamu Meneja akaniita, akafunga mlango.

"Zaituni, hapa ni benki au ni soko?"

"Madamu, sokoni wangeambiwa."

Ulimi wangu huo. Wiki iliyofuata nilitolewa kwenye mogeji, nikawekwa dirishani, kupokea na kuhesabu noti kama msichana aliyeanza kazi juzi. Sitasema sikulia. Nililia chooni, nikanawa uso, nikarudi dirishani.

Na pale dirishani, mwanzo wa kila mwezi, alisimama Nambozo. Alileta elfu arobaini na nne zenye harufu ya sokoni, na karatasi yake ya maagizo imeandikwa kwa mkono wa mwalimu. Mwezi mbaya alileta ishirini, na mwezi wa mavuno alileta sitini au sabini kufidia. Riba iliposhuka tena hawakupunguza. Mara nyingi hatukuzungumza, kwa sababu foleni ilikuwa ndefu. Aliniambia tu, "Bado iko palepale?" Nami nikamwambia, "Iko palepale, mama." Nikagonga muhuri. Meneja mwingine alipokuja alinirudisha kwenye meza ya mikopo, lakini ukiniuliza ni kazi gani niliyoipenda kuliko zote, ni kugonga muhuri ule.

Nilistaafu kabla hawajamaliza. Waliniaga kwa soda na hotuba, na mimi nikahamia nyumba yangu hapa Nkoma, niliyoikopea kama wengine na ambayo bei yake ya mwisho naijua kwa moyo. Siku hizi jamaa wanakuja na ofa zao kwenye simu. Kuna hata benki zinazouza kwa njia ya Kiislamu, bei moja inatajwa mwanzoni, na nadhani Hajji angetabasamu, ingawa huko nako ningemwambia asome kila ukurasa. Sijawahi kumwambia mtu asikope. Nyumba ya kuishi na watoto wako wakiwa bado wadogo ni kitu kikubwa, na huenda kinastahili bei ya nyumba mbili. Ninachoomba ni kwamba mtu aijue ile bei akiwa bado ana kalamu mkononi na anaweza kuiweka chini.

Mwezi uliopita boda boda ilisimama langoni. Mwalimu Wambedde alishuka kwanza, mvi kichwa kizima, amebana bahasha ya plastiki kifuani kwa mikono miwili. Nyuma yake akashuka Nambozo, na kwapani jogoo mwekundu. Si yule wa kwanza. Yule walikuwa wamemla zamani.

Mwalimu alinionyesha hati, jina lake na la mkewe, na mimi mwenyewe macho yakajaa, nikatafuta utani ili nisiwaaibishe wala nisiaibike.

"Mama Nambozo," nikamwambia, "huyu kuku bei ya mwisho ngapi?"

Akanikabidhi jogoo mikononi.

"Huyu tumeshamlipia," akasema. "Miaka kumi na miwili."