Herufi Iliyonyooshwa

Kila asubuhi, kabla ya kahawa, Shangazi Veturia Moga, jirani wa ghorofa ya chini ninayemwita hivyo kwa heshima tu, hukaa jikoni kwake, huweka vidole kumi juu ya kitambaa cha plastiki cha meza na kupiga chapa ukurasa mmoja. Taipu haipo. Ilichukuliwa miaka kumi na minane iliyopita. Hata hivyo vidole vinakwenda, na kila mstari unapoisha mkono wa kushoto unasukuma hewa. Mimi hukaa mbele yake na mkate niliomletea, nikingoja amalize. Plastiki imechubuka pale vidole vinapotua. Ukitazama kwa muda mrefu, unaanza kusikia kengele ya mwisho wa mstari.

Aliwahi kuniambia anachoandika: herufi kubwa zote, herufi ndogo zote, tarakimu, kisha sentensi tatu za kumsifu Kiongozi. Ndio ukurasa ambao wenye taipu mjini kwetu walitakiwa kuupiga kila Januari mbele ya polisi, ili serikali ijue mwandiko wa kila mashine.

Alikuwa mpiga chapa wa kiwanda cha samani, hapa kando ya Mto Mures. Anasema mwanzoni watu walimpenda Kiongozi. Alikuwa bado kijana, aliwajibu Warusi bila woga, na mwaka wa sitini na nane, alipowakemea hadharani kwa kuvamia nchi nyingine, Veturia mwenyewe alisimama uwanjani akapiga makofi mpaka viganja vikawaka moto. Hakumbuki siku mambo yalipogeuka. Picha yake ilitundikwa ofisini, kisha darasani, kisha katika duka la nyama lisilo na nyama. Balbu zikawa hafifu. Vyuma vya kupashia nyumba joto ukutani vikapoa, watu wakalala na kofia kichwani. Ndipo ukaja utaratibu wa taipu.

Watu walizibeba mashine zao kwenye theluji zimefungwa blanketi, na foleni ya kituoni ilifanana na ya kliniki. Januari ya mwaka 1987 jirani mmoja alimtania, "Naona umemleta mtoto chanjo."

"Wangu mpole," Veturia akamjibu. "Wako ndiye tunamsikia analia usiku."

Waliosikia walitazama viatu vyao, maana aliyepiga taipu usiku alishukiwa. Alijaribu kucheka yeye mwenyewe, kicheko hakikutoka.

Alikuwa na sababu ya kuogopa. Baba yangu, mwalimu Zeno Hategan, aliyekaa ghorofa ya juu yake, hakuwa na taipu. Jumapili moja ya Desemba iliyotangulia aliazima ya Veturia, akisema ni barua ya pensheni ya bibi. Aliirudisha jioni pamoja na mayai mawili ya shukrani, na ndani yake akasahau karatasi ya kaboni, ile nyeusi ya kutolea nakala. Veturia aliiinua dirishani akaisoma kinyume: Watoto wetu wana baridi. Nani atasema? Hapakuwa na zaidi. Akaitia motoni ikaungua. Juma lililofuata, vikaratasi vyenye maneno hayo vilikutwa kwenye foleni ya mkate.

Mumewe, Pompiliu, fundi saa, hakujua lolote. Siku moja kabla ya zamu yao kituoni aliisugua mashine kwa petroli mpaka ikang'aa, kwa maana mtu haendi mbele ya serikali na kitu kichafu. Kisha, kwa koleo lake dogo la saa, akainyoosha herufi moja iliyokuwa imeinama tangu walipoinunua.

"Nimekuamshia yule mlevi wako," alimwambia mkewe, akitabasamu.

Veturia alishika ukingo wa meza. Mwandiko ukibadilika, mwenye mashine alitakiwa akatoe taarifa na kueleza kwa nini. Lakini kumwambia Pompiliu kosa lake kulimaanisha kumweleza na habari ya kaboni, na katika jengo letu kuta zilikuwa nyembamba. Akasema ahsante.

Kituoni alipiga ukurasa wake. Kapteni aliuweka juu ya ukurasa wa mwaka uliopita, akazibandika zote mbili kwenye kioo cha dirisha ili nuru ipite.

"Mama, mashine yako imepona?"

"Mume wangu kaisafisha."

Neno lilipotoka tu aliona amefanya nini. Kapteni akafungua droo, akatoa kikaratasi kidogo, akakiweka juu ya ule ukurasa wa zamani. Herufi iliyoinama ikakaa juu ya herufi iliyoinama, sawasawa. Alikuwa mtu mtaratibu. Akaagiza Pompiliu aletwe kutoka kwenye karakana yake, na Veturia alimwona akikalishwa kwenye benchi la ukumbini, bado amevaa aproni, akimpungia vidole viwili. Kisha kapteni akafungua mlango wa chumba cha ndani. "Karibu, mama. Tuzungumze kidogo."

Shangazi Veturia hukomea hapo kila mara. Mlango unafungwa, naye anauliza kama mkate ni wa leo.

Yaliyobaki nilielezwa na mama. Pompiliu alirudi nyumbani kabla ya chakula cha jioni. Siku mbili baadaye wanaume watatu walipanda ngazi zetu, wala hawakuuliza mlango ni upi. Nilikuwa na miaka minne. Baba alirudi baada ya miezi kumi na minane, bila meno na bila hamu ya kuzungumza, akafariki nilipotimiza kumi. Utawala ule ulipoanguka na mafaili ya polisi yakafunguliwa, niliomba lake. Mahali pa jina la mtoa habari palikuwa pamepakwa wino mweusi, mzito, unaong'aa kama bado mbichi.

Sikumhitaji mtu anisomee jina hilo. Nilichotaka kujua ni kilichotokea nyuma ya mlango ule. Nilisoma vitabu vingi kuhusu vyumba vya namna hiyo, nikajua taa zake, maji yake, fimbo zake. Nilitaka iwe mojawapo ya hayo. Kama walimtesa, ningeweza kuendelea kumletea mkate. Miaka mitatu nilipanda na kushuka na swali hilo, haya ikinifunga ulimi.

Jumamosi iliyopita, tukimenya viazi, nililiuliza bila kuinua macho.

"Shangazi, kapteni alikufanya nini hata ukamtaja baba?"

Alimaliza kiazi alichokishika, akakitia majini.

"Hakunifanya kitu, mwanangu. Alikuwa bado anavuta kiti akae. Nilimtaja kabla hajaniuliza."