Kobe wa Maman Kwenye Roshani

Kwetu, msiba ukiingia nyumbani, sebule lazima iachwe wazi. Makochi yanasukumwa kwenye korido, televisheni inageuzwa ukutani, magodoro yanatandikwa chini ili akina mama wakae. Maman alipofariki mwezi wa kwanza, pale Molenbeek, ughaibuni, watu wa kanisa walianza kazi hiyo kabla tonton, mumewe, hajavua koti alilorudi nalo kutoka hospitali. Beseni kubwa la kobe, lililokuwa karibu na dirisha, likatolewa nje, roshani. Taa yake ikachomolewa, na tundu la umeme likapewa spika ya nyimbo.

Hawakuwa wazazi wangu. Tonton alifanya kazi na baba yangu zamani, kule kwetu Likasi, na hiyo ilitosha kunipa kochi la kulalia. Mimi shule niliiacha mapema. Nimepita Lusaka, Istanbul, Lille, na kila mahali nilijifunza nusu ya kitu: mabomba, kukata nyama, kusoma ratiba za treni kwa lugha nisizozijua.

Watu walikuja, wakaimba, wakala, wakaondoka. Sikumbuki kulia. Nakumbuka naosha sahani kwa maji ya moto kupita kiasi na sikutoa mikono.

Siku tuliyorudisha makochi, tonton alisimama katikati ya sebule akauliza, "Kobe ya maman iko wapi?"

Tulitoka nje. Juu ya beseni palikuwa na utando wa barafu. Kobe alikuwa chini yake, shingo imenyooka, macho yamefumbwa, hatikisiki.

Tonton aliinama. Nilijua anachofikiria. Kobe huyo maman aliachiwa na familia aliyokuwa akiwafanyia usafi mtaa wa Uccle, walipohama. Alimlisha mwenyewe, hakutaka msaada. Hospitalini, sauti ilipobaki kidogo, kila tonton alipoingia swali lilikuwa moja: "Ulimupa kula?" Na tonton alijibu ndiyo, nampa, usiogope, nitamuchunga mpaka utoke.

Mdogo wake maman, aliyebaki kutupikia, alikuja na kitambaa cha jikoni begani.

"Ilikufa," alisema. "Ile ni tortue, kobe ya Floride. Floride batu banavaa kaputula mwaka muzima! Unaitia mu glace, mu barafu, alafu unangoja nini? Leteni mufuko ya takataka."

"Iache," tonton alisema.

"Bon. Tuitie basi mu maji ya moto. Kama iko na uzima itaruka."

Tonton akaenda kufungua chauffage, kile kipasha joto cha ukutani, mpaka mwisho, akatandika taulo chini yake. Nikawaambia wangoje kwanza, niende nikaangalie ni kobe wa aina gani.

"We njo daktari sasa?" mdogo wake maman aliuliza.

"Hapana, maman mdogo. Naenda bibliothèque."

"Bibliothèque! Dada yangu alikuwa na bageni tatu mu hii nyumba: bwana yake, we, na ile kobe. Kobe tu njo hakukuwa na maneno mingi."

Nilikwenda kwa miguu. Kwenye maktaba ya mtaa nilipata kitabu cha kobe wa maji baridi wa Amerika ya Kaskazini, chenye picha. Yule anayeitwa na watu wote kobe wa Florida ana doa jekundu nyuma ya jicho, na ukingo wa nyuma wa gamba lake una meno kama msumeno. Nilijaribu kukumbuka kichwa cha wetu. Nimekaa naye chumba kimoja miezi mingi na sikuweza kuona uso wake. Nikaazima kitabu.

Nyumbani nilimtoa majini, nikamgeuza polepole. Nyuma ya jicho hapakuwa na wekundu, mistari ya njano tu. Ukingo wa gamba ulikuwa laini, wenye alama nyekundu kuzunguka pande zote, kama mtu aliyepaka rangi kwa kidole. Chini, gamba lilikuwa la njano, na katikati waa la kijivu. Kitabuni nilipata ukurasa wa kobe wa namna hiyo hiyo. Jamaa zake wako mpaka Kanada, na wakati wa baridi wanalala chini ya barafu ya madimbwi bila kupanda kuvuta hewa.

"Basi si ya Floride," tonton alisema.

"Si ile."

"Haikufa?"

Sikumdanganya. Kitabu kilisema pia kwamba aliyeshikwa na baridi ghafla, tumbo limejaa, anaweza kufa. Lakini hakuwa ananuka, na macho hayakuwa yamezama. Nikafunga chauffage. Joto la ghafla lingeweza kumuua kama bado yu hai. Tulimweka kwenye beseni dogo, maji yasiyofika juu ya gamba, tukamshusha kwenye chumba cha chini ya jengo, kwenye baridi isiyogandisha.

Tonton alikaa naye huko, amevaa koti, juu ya kreti. Nilimpelekea chai. Kesho yake tulimpandisha jikoni, sakafuni. Baadaye, ili azoee joto kidogo kidogo, sebuleni. Kila mara nilivuta mguu wake wa nyuma kidogo, nikaachia, nao ukabaki ulipo. Niliandaa sentensi ya kumwambia tonton kwamba amekufa. Haikuniuma kuiandaa.

Kisha asubuhi moja mguu ulirudi ndani. Taratibu sana, lakini ulirudi.

"Yesu," alisema mdogo wake maman, akakaa chini palepale na kijiko mkononi.

Tonton alichomeka taa ya kobe.

Kobe hakula kwa siku nyingi. Kitabu kilisema nyama kidogo na majani mengi zaidi, sasa kwa kuwa ni mkubwa. Tonton alikata salade vipande vidogo mno, akawa anashika kimoja majini mpaka mkono wa shati unalowa.

"Inaishi miaka ngapi?" aliuliza.

"Inaweza kupita makumi tatu."

"Mi niko na makumi saba na mbili."

"Basi ile njo itakuzika, shemeji," mdogo wake maman alipaza sauti kutoka jikoni.

Tonton alicheka, pumzi tu kupitia puani, na jani likamponyoka. Kobe alinyoosha shingo akalikamata. Tonton alitazama kichwa kile kikimeza, akafuta mkono kwenye suruali, akachukua jani jingine.

"Sasa anakula," alisema, bila kututazama, kama anamjibu maman.

Nilitaka kufurahi, furaha haikuja. Nilikaa kando yake, nikaanza kukata majani.