Mbwa wa Kitabuni
Jirani yangu wa biashara, hapa karibu na stesheni ya Ruiru, huuza riwaya kuukuu za mapenzi juu ya turubai. Mimi huuza viatu. Kitabu kikifika, yeye hukipanguza kwa mkono wa sweta, kisha humtafuta mbwa ndani ya kurasa. Mwanaume wa hadithi akiwa na mbwa, lazima akisome chote kabla ya kukiuza. Husoma midomo ikicheza, mkono mmoja uko shingoni mwa Bosco, mbwa wake mzee anayelala kwenye gunia. “Siwezi uzia mtu kitabu mbwa amekufa ndani bila kumwambia,” husema, na wateja wamezoea.

Juzi aliacha kusoma katikati. Mbwa wa kitabuni alikuwa amegongwa na gari, na mwenyewe amembeba mbio kwa daktari. Akanisukumia kitabu. “Nisomee hapo mbele, Mama Waceke. Mimi siwezi.” Akageukia reli, akimkuna Bosco masikio mpaka Bosco akafungua jicho moja. Nilisoma nimesimama, mteja wangu akingoja na kiatu kimoja mguuni. “Amepona,” nikamwambia. “Anachechemea tu kidogo.” Mabega yalimshuka. Akakichukua kitabu, akakipanguza upya, akakiweka mbele kabisa, pale wanawake wa mtaa wa Mwiki huangalia kwanza. “Na yule msichana na mwenye mbwa?” nikauliza. “Hutaki kujua kama walioana?” Alikuwa tayari anamvunjia Bosco kipande cha mandazi. “Hao ni watu wazima,” akasema. “Watajipanga.”