Siku Niliyomleta Mfuma Muda Chang'ombe

Mpaka leo nikipita Chang'ombe natembea upande wa pili wa barabara, na mtu akiniita kwa sauti nashtuka kama mwizi wa kuku, kwa hiyo mjue kabisa kwamba haya siyasimulii kwa raha, aibu yake bado ninayo hapa kifuani.

Ilikuwa enzi za ruksa, biashara zimefunguliwa, kila mwenye mashine ya chapa ana gazeti lake, na mimi nilikuwa karani wa masjala, asubuhi napanga mafaili na jioni naandika kwenye kijigazeti kimoja cha hadithi kilichouzwa stendi na kwenye vituo vya reli. (Ndiyo, nilikuwa mwandishi. Msicheke mapema.) Hadithi yangu ilimhusu Mfuma Muda, mvumbuzi mkongwe aliyeunda mtambo wa kufumia siku za watu kama nguo, anachomoa uzi wa ulimwengu huu anaupitisha ulimwengu mwingine, maana malimwengu yalikuwa mengi, na katika kila moja yupo wewe mwingine aliyeshika njia nyingine. Wasomaji waliipenda mno. Mhariri akaniambia, "Mweke mahali panapojulikana, watu waone ni kweli." Basi nikaandika kwamba karakana yake ni kibanda cha bluu, Chang'ombe, mkabala na mashine ya kusaga, na juu kabisa nikaweka KISA CHA KWELI. Maneno matatu tu.

Kibanda hicho kilikuwepo. Kilikuwa cha Mzee Saidi, fundi saa, mtu mpole ambaye saa za plastiki zilizojaa sokoni zilikuwa zimemmalizia wateja, isipokuwa mimi, ambaye saa yangu iliharibika kila wiki (sababu mtaisikia).

Sehemu ya tatu ndiyo iliyotuponza. Niliandika kwamba Mfuma Muda akiishiwa uzi huchukua siku za majirani. Gazeti likatoka Ijumaa, na Jumamosi asubuhi nikajiendea zangu Chang'ombe na saa yangu mbovu mfukoni, nikakuta watu wamejaa mbele ya kibanda, nikafurahi kama mjinga nikidhani biashara ya mzee imechangamka.

Mbele alisimama mwanamume mrefu, gazeti langu mkononi, macho mekundu.

"Mke wangu yuko kitandani wiki ya tatu. Siku zake umempa nani?"

Mzee Saidi alikuwa bado na kioo cha ufundi jichoni. "Mwanangu, mimi natengeneza saa. Siku ni za Mungu."

"Imeandikwa humu na bado unakataa!"

Watu wakaguna. Mmoja akainama akaokota jiwe, na wa pili yake naye akainama, na kwenye benchi la wateja mama mmoja wa Kigogo, miguu imejaa vumbi la safari, akawa anawasihi, "Ngojeni kwanza, na mimi nimweleze shida yangu, nimetoka Gulwe kwa treni."

Na mimi? Mimi nilikuwa nyuma ya gunia la pumba. Nikinyamaza atapigwa mzee, nikisema nitapigwa mimi, na miguu yangu ilikuwa imeshaamua, inarudi nyuma yenyewe taratibu, mpaka Zaituni, binti wa mzee, alipotoka ndani akasimama mbele ya baba yake mikono ameitandaza.

"Ni mimi!" Sauti ilitoka kama ya mbuzi. "Nimeitunga mimi! Hakuna Mfuma Muda!"

"Huyu naye amehongwa siku!" mtu akapiga kelele. "Athibitishe!"

Mfukoni nilikuwa na sehemu ya nne, kwa mwandiko wangu, inayoelekea kwa mhariri. Nikaitoa. Mwanamume mrefu akasema, "Isome."

Jamani. Sehemu ya nne ilikuwa ya mapenzi. Nikasoma kwamba katika ulimwengu wa saba aliishi Malkia Zaitu, mwenye mwanya wa kupendeza na alama nyeusi chini ya sikio la kushoto, na kijana mmoja karani alikuwa akiivunja saa yake kila wiki ili apate kumwona. Watu wote wakageuka kumtazama Zaituni. Mwanya upo. Alama ipo. Mwanamke mmoja akaangua kicheko, "Endelea, baba, endelea!" nami nikaendelea (ningefanyaje, mawe bado wanayo) mpaka pale Malkia anapomwita karani nyonda wangu wa milele, na baba mzazi wa Malkia yuko hatua tatu kutoka kwangu ananitazama kwa lile jicho la kioo. Mawe yakaanguka, moja moja. Zaituni akaingia ndani, akafunga mlango.

Mwanamume mrefu peke yake hakucheka. "Kwa hiyo mke wangu anaumwa tu," alisema, akaondoka.

Watu walipotawanyika, yule mama wa Gulwe akanishika mkono wa shati.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kwa hiyo hayupo?"

"Hayupo, mama."

"Hata huko kwenye malimwengu mengine?"

"Hayupo. Nilimtunga."

Akaliachia shati langu. "Mimi sikutaka mume wangu, Baba Nyemo, afufuke. Nilitaka asubuhi ile tu. Aliniuliza kama maji ya kunywa yapo, mimi nimenuna, sikumjibu. Akaenda shamba, akarudishwa amebebwa."

Mzee Saidi akasogeza kiti chake mwenyewe, akamkalisha, akamuuliza mumewe alikuwa mtu wa namna gani, naye akasimulia mpaka ikakaribia saa ya treni, mimi nimesimama juani na hakuna aliyeniambia niende wala nikae. Alipoinuka akafungua fundo la khanga, akanipa karanga alizomletea Mfuma Muda. "Siwezi kurudi nazo," alisema. Nilizipokea kwa mikono miwili, na sikuweza kumtazama usoni.

Sijaandika tena kisa cha kweli ambacho si kweli, na sitaandika. Siku hizi kabla sijatia chumvi neno lolote, hata la mzaha, najiuliza kwanza ni nani atakayelisikia akakata tiketi.