Piza za vidole viwili

Baba alipopata kiharusi, mkono wake wa kulia ulirudi nusu. Bega lilirudi, kiwiko kikarudi, lakini vidole vitatu vya mwisho viligoma. Akaacha kula. Alikunywa uji tu, kikombe akikishika kwa mikono miwili, na nguo zikaanza kumpwaya. Nilipotoka Korogwe mjini, ninakopika vitafunwa vya shughuli, kuja Handeni kumwona, nilikuta kanzu imening'inia juu ya mifupa. Nesi alishasema kwamba kama hali haitabadilika hadi kliniki ya Jumatatu, watampitishia mpira wa kumlishia puani.

Nilimgombeza, kusema kweli. Nilimwambia dini imempa mgonjwa ruhusa, atumie mkono wa kushoto, na imamu mwenyewe alikuja kumwambia hivyo hivyo. Baba aliuinua mkono wa kushoto.

"Mkono huu naendea chooni," alisema. "Siwezi kuupeleka mdomoni nikiwa na akili timamu."

Kulishwa na mama hakutaka. Alijaribu kijiko kwa mkono wa kulia, kikamponyoka, wali ukamwagika kifuani mbele ya mdogo wake. Tangu hapo, wazee wakija kula barazani kwetu baada ya swala ya Ijumaa, kama ilivyo desturi, yeye husema ameshiba na kugeuzia uso ukutani. Mimi nina hasira za karibu. Nilitoka uani nikaipiga ndoo teke.

Alhamisi jioni nilimwona akivuta tasbihi. Punje moja, nyingine, nyingine, kwa kidole gumba na cha shahada vya mkono ule ule wa kulia. Kumbe viwili hivyo vilikuwa hai. Tonge la ugali halifinyangiki kwa vidole viwili, lakini kitu kidogo, kikavu chini, chenye nyama na jibini juu, kinashikika. Shughulini watu huniagiza piza ndogo za kumaliza kwa tonge moja. Tatizo ni kwamba ningemtengea peke yake asingegusa. Ilibidi sinia zima liwe hilo, wazee wote wale kwa vidole viwili, ili mkono wake usionekane tofauti.

Mama aliposikia alisonya. Wazee wanatoka msikitini na njaa, alisema, halafu mimi niwape biskuti. Nikamwahidi wali wake utafuata, ndipo akanipa unga.

Ijumaa asubuhi nilichemsha maziwa aliyotuletea jirani yetu wa Kimasai, yakinukia moshi wa kibuyu, nikayakamulia limao hadi yakakatika, nikayachuja kwa kitambaa nipate jibini. Unga niliukanda kwa hamira, chumvi na mafuta kidogo. Nyanya nilizipika hadi zikawa nzito, maana rojo jepesi lingemdondokea; nyama nikaikaanga, vitunguu nikavikatia juu. Unga ulipoumuka nikausukuma, nikakata viduara kwa mdomo wa kikombe cha kahawa. Kisha nilijifunga vidole vitatu kwa kipande cha kanga, nikaoka kimoja na kujaribu kukiinua. Kilipinda, nyama ikaanguka. Nikavifanya vinene zaidi.

Oveni hatuna. Niliokea kwenye sufuria, mkaa chini na mkaa juu ya kifuniko. Mkupuo wa kwanza niliuzidishia moto wa chini, na nilipofunua nilikuta vimeungua vyote. Adhana ilikuwa imeshalia zamani. Nikaondoa mkaa wa chini karibu wote, nikapanga mkupuo wa mwisho, nikakaa mbele ya jiko nikiogopa hata kuchungulia. Mama alikaa pembeni yangu akipepea mkaa kwa kawa. Yeye aliogopa kuliko mimi.

Wazee wakaja. Maji ya kunawa yakapita, sinia likawekwa katikati ya mkeka. Mimi na mama tulisimama nyuma ya pazia la mlango. Baba mdogo akauliza hivi ni nini, mzee mmoja akajibu kuwa ni chapati zilizozaliwa njiti, wakacheka. Wakaanza kuokota, vidole viwili viwili. Baba hakunyoosha mkono. Wakachukua tena, na tena. Sinia lilikuwa linapungua, nami nilitamani kutoka niwapokonye.

Kisha mkono wa kulia ukatoka kwenye kanzu. Ulitetemeka juu ya sinia, ukatua, ukabana kimoja. Akampa baba mdogo.

"Karibu, mdogo wangu," alisema.

Nililikunja pazia kwa ngumi. Mtu anakufa njaa na bado anakirimu! Mama akaninong'oneza kwamba anaujaribu mkono. Na kweli, ulirudi. Ukabana kingine, ukapanda polepole, ukagonga kidevu, ukapanda tena, akaufuata kwa mdomo. Akatafuna. Hakuna mzee hata mmoja aliyemtazama. Wote waliinamia sinia, ndipo nikatambua kwamba nao walijua siku zote kilichomzuia kula. Akachukua kingine.

Wageni walipoondoka niliingia kutoa vyombo. Baba alikuwa anajifuta ncha za vidole.

"Vitunguu umeviacha vibichi," alisema. "Kesho uvikaange kwanza."

Nikaitikia. Nilipofika jikoni nilikaa chini na sinia mapajani, nikalia. Mama akaja mbio kuuliza baba kasema nini.

"Kasema kesho," nikamjibu.